Jumamosi za Kilatini pale Baraka

Padri alirudi kutoka Ulaya na masanduku matatu, moja la nguo na mawili ya vitabu. Sisi tuliokwenda kumpokea ufukoni tulilibeba lile la nguo kwa furaha na yale mawili kwa adabu. Jumapili iliyofuata, watu walipokwisha kukomunika, alitangaza kwamba parokia yetu ya Baraka imeimba vya kutosha, sasa ni wakati wa kufikiri. Angeanzisha somo la kila Jumamosi asubuhi: Utangulizi wa Filosofia ya Skolastiki. Alilitaja jina lote kwa Kifaransa, kisha akalitafsiri kwa Kiswahili, na ile tafsiri ikawa ngumu kuliko Kifaransa chenyewe. Mama aliyekaa mbele yangu alimwuliza mwenzake kama hiyo skolastiki ni chanjo. Mwenzake akamjibu kwamba ndiyo, lakini ni ya batoto tu.

Wote waliojiandikisha walisema wanapenda hekima. Mimi nitasema ukweli. Nilikuwa mwalimu wa darasa la tano, nimeteremka kutoka Fizi-Centre miaka kadhaa nyuma, na nilikuwa nimechoka na chaki. Sekondari ya parokia ilikuwa haina prefe, mkuu wa shule, tangu yule wa zamani ahamie Uvira, na mji mzima ulisema kwamba atakayepata breve ya padri, yaani cheti cha somo hilo, ndiye atakayekalia kiti chake. Nilikuwa nimekiona kile kiti. Kilikuwa kinazunguka.

Sharti la kuingia lilikuwa diplome d'Etat, cheti cha serikali cha kumaliza sekondari. Wasiokuwa nayo walirudishwa mlangoni kwa upole mwingi. Aliyesamehewa ni mmoja tu, katekista mzee wa parokia, kwa sababu alikuwa amefundisha katekisimu nusu ya mji, pamoja na mimi, na hakuna aliyethubutu kumwuliza karatasi. Tukawa wanafunzi tisa. Tulikaa katika sale ya parokia, ukumbi uliopakana ukuta na jiko la mapadri. Ukuta huo ulikuwa na dirisha lisilo na kioo, kwa hiyo harufu ya maharage iliingia katika filosofia, na filosofia nayo ikapitia humo humo kwenda kwenye maharage.

Skolastiki, alivyotueleza padri, ni namna ya kufikiri iliyozaliwa katika shule za watawa wa Ulaya, zamani za wafalme. Watawa wale walimkuta Mgiriki mmoja mpagani, amekufa siku nyingi, wakaona alikuwa na akili safi, wakamwazima ili awasaidie kueleza mambo ya Mungu. Mgiriki hakuulizwa. Mkubwa wao katika kazi hiyo alikuwa mtakatifu mmoja mnene na mpole, ambaye padri wetu alimtaja mara nyingi kuliko alivyomtaja askofu.

Njia yao ilikuwa hivi. Unauliza swali. Kisha unaandika sababu zote za kukataa lile unalotaka kulikubali, na unaziandika vizuri, kama mtu anayempangusia adui yake kiti. Halafu unasema "lakini kinyume chake", unatoa jibu lako, na unarudi kuzivunja zile sababu moja moja. Swali la kwanza aliloandika padri ubaoni lilikuwa: Je, Mungu yuko? Chini yake akaandika: Inaonekana kwamba hayuko.

Katekista mzee alivua miwani, akaipangusa, akaivaa tena. Maandishi yalikuwa bado pale.

"Padri," alisema, "ivi bintu mi nilikuwa nafukuza batoto mu katekisimu sababu yabyo."

"Subiri, muzee. Jibu linakuja."

"Linakuja leo?"

"Jumamosi ijayo."

Mzee alikaa wiki nzima na Mungu ambaye inaonekana hayuko. Aliniambia baadaye kwamba Jumatatu asubuhi, alipopiga kengele ya misa, mkono wake ulikuwa mzito, na kwamba alipiga mara chache kuliko desturi, ili asimsumbue mtu bure.

Jumamosi ya pili Mungu alirudi, tena kwa njia tano. Kila kinachosogea kinasogezwa na kingine, na hicho kingine nacho kinasogezwa, na huwezi kurudi nyuma bila mwisho, kwa hiyo kuna Msogezaji wa kwanza asiyesogezwa. Sisi tunaosubiri lori litoke Uvira tulimwelewa haraka yule asiyesogezwa. Jumamosi ya tatu tukafika kwenye substance na aksida. Substance ni kile kitu chenyewe, kile kinachokifanya kiwe kitu hicho. Aksida ni vinavyokishikilia tu: rangi, uzito, joto, ukubwa. Lakini kwetu aksida ni jambo moja tu, pikipiki ya kutoka Misisi imelala mtaroni na watu wake. Padri alipoonyesha kidole na kusema kwamba weupe wa ukuta huu ni aksida, tuligeuka wote tisa kuutazama ukuta, na mmoja akauliza kama kuna aliyeumia.

Filosofia inakaa vizuri kichwani mwa mtu mpaka aifikishe nyumbani. Mke wangu ni Mprotestanti, anauza ndagala, dagaa wa ziwa letu, sokoni, na amelelewa katika kanisa ambalo mahubiri yanaisha mchana jua likiwa kali, kwa hiyo alikuwa na mazoea ya kuvumilia maneno. Siku moja bugali iliungua kidogo chini. Zamani ningekula nikanyamaza. Siku hiyo nilimweleza kwamba asiwe na wasiwasi, bugali imeungua kwa upande wa aksida tu, kwa upande wa substance bado ni bugali kamili.

Kesho yake nilirudi kutoka shule, nikanawa mikono, akaniwekea sahani mezani. Ilikuwa tupu, imeoshwa vizuri.

"Ni nini hii?" niliuliza.

"Bugali. Nimekuwekea substance. Ile aksida yote batoto bamekula."

"Na mboga?"

"Mboga iko ndani yake. We tafuta."

Ningekuwa mwerevu ningeacha pale. Lakini nilikuwa nimeonja. Kwa miezi mingi sikumjibu mtu ndiyo wala hapana. Nilisema "distinguo", yaani natenganisha, na mtu aliyeniuliza saa akapata habari mbili na kukosa saa. Jirani alikuja kuchukua jembe lake nililokuwa nimeazima. Nilimwambia kwamba kwa uwezo, kama alivyotufundisha padri, jembe ni lake popote lilipo, ila kwa tendo kwa sasa liko kwangu. Alinitazama kidogo, akapita pembeni yangu, akalichukua kwa tendo.

Padri mwenyewe hakuwa mtu mbaya. Nasema hivyo kwa sababu nakaribia kumsema vibaya. Alikuwa mwana wa milima yetu, alizaliwa juu ya Fizi, na mama yake alikuwa bado analima mihogo kule. Lakini miaka ya Ulaya ilikuwa imemwingia kama unyevu katika godoro. Mifano yake yote ilitoka huko. Alipotaka kueleza umbo la mti, alituchorea mti wa njugu za Ulaya ambao hakuna aliyeujua. Alipotaka kueleza mwendo, alitupandisha tramu. Katikati ya ziwa na milima, mahali ambapo ukitupa jiwe linagonga mfano, yeye aliagiza mifano kutoka mbali, na ilifika imechoka.

Alipotangaza kwamba somo litafungwa kwa mjadala wa hadhara, kama katika vyuo vya zamani, mioyo yetu ilishuka. Kila mmoja angetetea neno moja mbele ya watu, siku ya sikukuu ya parokia, na mwenzake angempinga. Padri alikunja vikaratasi, akaviweka katika sahani ya sadaka, tukachota. Changu kiliandikwa: Uovu si kitu.

Nilidhani sentensi haijaisha. Nilimpelekea.

"Imeisha," padri alisema. "Kila kilichopo, kwa kadiri kilivyopo, ni chema, maana Mungu ndiye amekifanya. Uovu hauna kuwapo kwake wenyewe. Ni ukosefu wa wema pale ambapo wema ungepaswa kuwapo. Jiwe halioni, na hilo si baya, jiwe halikuumbwa lione. Mtu asipoona, huo ni ubaya."

"Lakini uovu unaonekana, padri."

"Unaonekana kama baridi inavyosikika. Baridi si kitu, ni ukosefu wa joto. Fikiria theluji."

Niliifikiria. Ilikuwa saa sita, bati la sale lilikuwa linalia kwa jua, na shati langu lilikuwa limeshikamana na kiti. Katekista mzee, aliyepangwa kunipinga, alijaribu kunisaidia. Alisema yeye aliwahi kugusa barafu katika frigo ya bare moja ya pombe kule Misisi, ila hakutaka kueleza alikuwa anatafuta nini katika bare ya Misisi.

Nilizunguka na lile neno wiki tatu bila kulifungua. Mke wangu alinisikia nikilisema peke yangu uani. "Kama uovu haiko kitu," alisema, "waambie balipishaji ba kodi ya soko, maana bale wanachukua ndagala yangu kila siku na mi naonaka ni bantu kabisa." Kisha akaenda sokoni.

Jumamosi moja, baada ya somo, nilibaki nyuma ya jiko la mapadri nikitembea huku na huku na daftari langu. Mama mpishi alikuwa amekaa kwenye kibao chake, anapara samaki wa mikeke. Alikuwa mwanamke mwenye zaidi ya miaka hamsini, mwembamba, mwenye sauti ndogo. Alikuwa amepika pale chini ya mapadri wanne, na kwa lile dirisha alikuwa amesikia somo letu lote tangu Mungu alipokosekana mpaka alipopatikana. Hakuwa na diplome. Sikumbuki kama alikuwa na hata cheti cha darasa la sita.

"Mwalimu," alisema bila kuinua uso, "we naongea na nani?"

"Na uovu, mama."

"Anakujibu?"

"Hapana. Padri anasema hayuko."

Alipara samaki mmoja, akamweka katika beseni, akachukua mwingine.

"Hayuko kabisa, ao hayuko kama kitu?"

Nilisimama. Sisi tisa, pamoja na diplome zetu nane, tulikuwa tumetumia miezi kadhaa kulifikia swali hilo, na wawili kati yetu hawakuwa wamefika bado.

"Kama kitu," nilisema.

"Ah. Basi ni kama tundu ya mutumbwi." Alisema hivyo kama mtu anayetaja bei anayoijua. "Kaka zangu walikuwa bavuvi. Mbao iko kitu. Musumari iko kitu. Tundu haiko kitu, huwezi kuitoa pale na kuibeba sokoni. Tundu ni pahali mbao ilipaswa kuwa, na haiko. Lakini ingia mu ule mutumbwi, ufike katikati ya maji, kisha useme haiko kitu."

Nilikaa chini kwenye jiwe nikafungua daftari.

"Na tundu peke yake haikalake," aliendelea. "Inaomba mutumbwi. Ikikula mutumbwi yote, na yenyewe imekwisha. Umeshaona tundu bila mutumbwi?"

"Sijaona, mama."

"Hakuna." Aliinua kisu, magamba ya samaki yakiwa yamekishika. "Lakini mutumbwi mupya hautobokake yenyewe. Kuko mwenye alitoboa. Na hiyo uandike."

Nilimshukuru. Niliandika ya kwanza na ya pili kwa herufi nzuri. Ile ya tatu sikuiandika. Nilijiambia kwamba ukurasa umejaa, na kweli ulikuwa umejaa, lakini daftari lilikuwa na kurasa nyingine.

Siku ya sikukuu sale ilijaa mpaka watu wakasimama madirishani. Kwaya ilikuwepo, masista walikuwepo, wazee wa jumuiya, padri mgeni kutoka Fizi, na mke wangu katika safu ya nyuma, amevaa kitambaa chake cha Pasaka. Alisema amekuja kuangalia kama nitakula kitu au substance tu. Wenzangu watatu walinitangulia. Wa kwanza alisahau Kilatini, wa pili alisahau Kiswahili, wa tatu alisema maneno mengi kuhusu uwezo na tendo hadi mtoto mmoja akalia akatolewa nje.

Nilisimama. Nilizitaja kwanza sababu za kukataa: kwamba uovu unaua, na kisichopo hakiui; kwamba unaogopwa, na hakuna anayeogopa pasipo na kitu. Nikasema lakini kinyume chake. Kisha nikawapa ule mtumbwi.

Ziwa lilikuwa hatua mia chache kutoka pale. Hakuna mtu katika sale ile ambaye hajawahi kuchota maji kwa kopo ndani ya chombo kinachovuja. Niliposema "ingia katika ule mtumbwi, ufike katikati ya maji, kisha useme si kitu," watu walinguruma. Wazee walipiga mapaja yao. Niliposema kwamba tundu likila mtumbwi wote nalo limekwisha, padri alisimama kutoka kiti chake cha heshima, uso unang'aa, akaniomba nirudie ili mgeni wa Fizi aandike. Nilirudia, polepole, kama mtu aliyelala na wazo hilo tangu utoto.

Kisha zamu ya kupinga ikamfikia katekista mzee. Alikuwa na karatasi ya pingamizi aliyoandikiwa na padri, lakini aliikunja akaitia mfukoni.

"Mi niko na moja tu," alisema. "Na mwenye kutoboa?"

Lilikuwa swali ambalo mtu yeyote wa ufukoni angeuliza, na nilikuwa nimepewa jibu lake wiki mbili kabla na nikaliacha jikoni. Nilifanya alichofundishwa kila mwanafunzi wa skolastiki kufanya anapobanwa. Niliingia katika Kilatini. Nilisema uovu hauna sababu itendayo, una sababu ikosayo, causa deficiens. Anayetoboa, kwa kadiri anavyotenda, anatumia nguvu njema za mkono mwema. Kinachopungua ni nia yake, na nia inayopungua nayo ni ukosefu.

Mzee alifikiri.

"Kwa hiyo ile tundu ilitobolewa na tundu ingine," alisema.

"Concedo," nilijibu, yaani nakubali, na kwa kuwa ilikuwa Kilatini watu walipiga makofi. Kwaya ikaanza kuimba.

Katikati ya wimbo nikamwona mama mpishi. Alikuwa amesimama mlangoni na sufuria ya wali wa wageni, ameifunika kwa sahani. Sikujua amesimama hapo tangu lini. Padri alinijia, akanishika bega.

"Miaka yote Ulaya," alisema, "sijawahi kuusikia mfano kama huo. Umeutoa wapi?"

Mama mpishi alikuwa hatua kumi kutoka kwetu na sufuria yake.

"Katika maisha, padri," nilijibu.

Nilikula vizuri siku hiyo, nikashikwa mkono na watu ambao hawakuwa wakinijua jina. Watu walipopungua nilikwenda jikoni. Nilijiambia ninakwenda kuomba maji. Mama mpishi alikuwa anasugua vyungu, na hakuonekana mwenye hasira. Ingekuwa rahisi zaidi kama angekuwa na hasira.

"Nilisikia," alisema. "Umesema muzuri. Bantu banafurahi."

"Ilikuwa ni maneno yako, mama."

"Maneno haiko ya muntu. Lakini ile ya mwisho haikukuwa yangu."

"Ile ilikuwa Kilatini."

"Ulisema tundu ilitobolewa na tundu." Alisuuza chungu, akakigeuza kikauke. "Tundu haina mikono, mwalimu. Mi niliona mikono."

Alikuwa ametoka Makobola. Nilikuwa nalijua hilo, kila mtu pale parokiani alilijua. Makobola ni vijiji vya kando ya ziwa, kaskazini yetu kuelekea Uvira, ambako watu wengi waliuawa wakati wa vita, na kwetu mtu wa rika lake akisema ametoka huko, huulizi swali la pili. Wale kaka zake wavuvi nilikuwa nimewaandika katika daftari langu kama mfano, bila hata kujiuliza kwa nini anawataja kwa wakati uliopita.

Nilichukua kitambaa nikaanza kukausha sahani. Aliniacha nikaushe tatu, kisha akaninyang'anya kitambaa kwa upole, akasema sahani ninaziacha bado na maji.

Njiani kurudi nyumbani mke wangu alisubiri mpaka tukakaribia soko.

"Ile ya mutumbwi," alisema, "ni nani alikupatia?"

"Kwa nini unafikiri nilipewa?"

"Juu we hujuake mitumbwi. We ni muntu wa mulima. Unashikaka pembeni na mikono mibili na unafunga macho."

Nikamwambia. Alisikiliza yote, hakucheka, na hilo lilinitia hofu. Aliniuliza tu kama nilimwambia padri. Nikasema bado. Akasema, "Bado," akalirudia neno hilo kama anapima uzito wake.

Breve nilipewa. Ina muhuri na sahihi mbili, na wino wa sahihi moja umeshaanza kupotea. Kiti kinachozunguka alipewa mtu ambaye hakufika hata Jumamosi moja. Padri alikuwa ametufundisha kwamba kila jambo lina sababu nne: ya maada, ya umbo, ya kutenda na ya mwisho. Katika uteuzi ule niliitafuta ile ya kutenda peke yangu, bila mwalimu, na nikaipata upesi. Ilikuwa mjomba wake.

Padri naye hakukaa. Mwaka uliofuata alirudi Ulaya kutafuta udaktari wa filosofia, na alipoondoka aliacha sanduku moja la vitabu, ambalo panya wa parokia wamelisoma kwa bidii kuliko sisi. Baada ya muda alinitumia kwenye simu makala yake iliyotoka katika gazeti moja la wasomi. Ilihusu uovu katika mapokeo ya skolastiki na hekima ya Afrika. Ukurasa wa pili ulikuwa na mtumbwi. Hapakuwa na mama mpishi, na sikuwepo hata mimi mwizi wake. Paliandikwa kwa Kifaransa kizuri: kama isemavyo methali ya kale ya Wabembe. Mimi ni Mubembe, mtoto wa Mubembe, nimezaliwa Fizi, na methali hiyo sijawahi kuisikia kabla ya ile siku ya mikeke.

Nilikwenda jikoni na simu yangu. Nilikuwa nimeamua kusema yote, na nilisema: kwamba nilimdanganya padri, kwamba nilinyamaza yeye akiwa amesimama mlangoni, na kwamba sasa maneno yake yamefika Ulaya bila yeye. Kisha nikamtafsiria ule ukurasa. Alisikiliza akiwa anachambua mchele kwenye ungo.

"Methali ya nani?"

"Ya Wabembe."

"Mi hata siko Mubembe," alisema. "Mi ni Mufuliiru." Alitupa jiwe dogo nje. "Na mi siko methali."

"Nitamwandikia, mama. Atarekebisha. Ataweka jina lako."

"Jina ya nini? Jina yangu inajua kupika maharage, haijue Kifaransa." Aliendelea kuchambua. Kisha akauliza, "Aliandika na ile ya mikono?"

"Hakuisikia."

"Basi umwandikie ile."

Nilimwandikia padri barua ndefu, bila neno moja la Kilatini. Alijibu baada ya wiki nyingi. Alinishukuru, akasema imemgusa sana, na kwamba katika kitabu kinachokuja ataongeza maelezo chini ya ukurasa: mapokeo ya mdomo, ziwa Tanganyika. Kuhusu mikono alisema ni swali lenye thamani ya kichungaji, ila linatoka nje ya mada.

Sasa somo la Jumamosi ninalifundisha mimi, kwa sababu padri mpya hapendi filosofia na katika parokia nzima hakuna mwingine aliye na breve na muda. Nimefuta sharti la diplome. Wanakuja watu saba, siku nyingine watano, na katekista mzee, ambaye husinzia kwenye njia ya tatu na kuamka kwenye ya nne. Theluji nimeitoa. Mke wangu amekuja mara moja, akasema nimepunguza maneno kidogo.

Mwezi uliopita nilimwomba mama mpishi aje, akae ndani na si dirishani. Alikataa mara mbili. Mara ya tatu alivua aproni, akakaa kiti cha mwisho karibu na mlango, mikono juu ya magoti, akasikiliza uwezo na tendo tangu mwanzo hadi mwisho bila kuuliza kitu. Nilipomaliza nilimfuata kumwuliza ameonaje.

"Iko muzuri," alisema. "Lakini mungefupisha." Akainuka, kwa sababu aliacha maharage motoni.